Mtu Asiye na Kwao

Mong'ina alikuwa amevaa na kunywa chai kabla mama yake hajatoka kukamua, na hata hivyo alipofika barabarani alijiona amechelewa. Gari la Walter, Peugeot kuukuu la kukodi, lilikuwa limesimama chini ya mikaratusi huku injini ikinguruma. Aliingia upesi, akafunga mlango, wala hakugeuka kutazama kama kuna mtu aliyemwona.

"Umelala?" Walter alimuuliza.

"Wewe je?"

Wakacheka kidogo. Gari likaanza kuteremka kuelekea mji wa Kisii, na kutoka hapo waende Suneka, kwa bibi kizee ambaye walikuwa hawajawahi kumwona, ambaye neno lake moja lingeweza kuwaoza au kuwatenganisha.

Ilikuwa likizo ya Agosti, mwaka wa sabini na mbili. Mong'ina alikuwa mwalimu wa shule ya msingi mjini Nyamira, msichana wa miaka ishirini na sita ambaye majirani walikuwa wameanza kumuuliza mama yake maswali. Walter Manasseh alikuwa mtengenezaji filamu. Alikuwa ametoka London na kamera, tepurekoda na masanduku ya mikanda, akitengeneza filamu juu ya watu wanaoishi mbali na walikozaliwa na yale wanayoyakumbuka. Huko Uingereza alikuwa amekwisha kuwahoji makondakta wa mabasi waliotoka Jamaika, wazee wa Kigoa waliokuwa bado wakiziota ndotoni nazi za kwao, na vijana wa Kenya waliokwenda kusoma wakasahau kurudi. Sehemu ya mwisho ya filamu ilimhusu yeye mwenyewe, na ndiyo iliyokuwa ikimshinda.

Kwa maana Walter alikuwa Mgusii asiyejua Kigusii. Mama yake alimfia akiwa mdogo, baba yake, dereva wa lori katika mashamba ya chai ya Kericho, akafa kwa ajali muda mfupi baadaye. Muuguzi mmoja wa misheni, mwanamke Mwingereza asiye na mtoto, akamchukua na kurudi naye kwao. Walter alikulia huko. Zaidi ya hayo, alichopewa kuhusu kwao kilikuwa jina moja tu: Manasseh, jina la ubatizo la baba yake. Kiswahili alijifunza chuoni akiwa mtu mzima, kizuri, cha vitabuni, lakini vijijini wazee hawakukijua. Alihitaji mkalimani. Mwalimu mkuu wa Mong'ina alimtaja yeye, na Mong'ina akakubali kwa sababu likizo ilikuwa ndefu na nyumbani hapakuwa na jipya.

Siku za kwanza alimwona kama mgeni mwingine yeyote. Alimshikia kipaza sauti, akamtafsiria, akamwonyesha mahali pa kukanyaga asiharibu vitalu vya mboga vya watu. Kisha jioni moja, wakikunja nyaya baada ya kazi, Walter alimsimulia jambo alilokuwa hajamwambia mtu. Alisema kwamba alipokuwa mtoto mpya kule Uingereza alikuwa akilia usiku akiita "baba, baba," na yule muuguzi alimfariji kwamba baba yake yuko mbinguni. Maisha yake yote aliamini kwamba alikuwa akimlilia baba.

Mong'ina aliacha nyaya. "Kwa lugha yetu," alimwambia taratibu, "baba ni mama. Baba mzazi tunamwita tata. Ulikuwa ukimwita mama yako."

Walter alimtazama kwa muda, macho yakamjaa machozi, naye hakuyaficha wala hakuyafuta. Mong'ina hakuwahi kumwona mwanamume akilia hivyo, waziwazi. Alitaka kutazama pembeni, akashindwa. Usiku huo alipojilaza alijua kwamba hatapata usingizi.

Tangu siku hiyo walikuwa wakitafuta mambo mawili kwa pamoja: watu wa baba yake Walter, na nafasi ya kukaa karibu bila ya watu kuona. Ya pili iliwashinda. Habari zilimfikia mzee Abner, baba yake Mong'ina, mzee wa kanisa la Wasabato na mkulima wa chai katika vilima vya juu ya Keroka, mtu wa maneno machache. Hakugomba. Alimwita binti yake sebuleni, akamwuliza huyo kijana ni wa ukoo gani. Mong'ina akajibu kwamba ndilo analolitafuta. Abner akasema basi akishapata aje, lakini mtu asiye na kwao hatamwoa binti yake, kwa sababu asiye na kwao hakuna wa kumwuliza akikukosea, hakuna wa kukuzika ukifa, na zaidi ya yote hakuna ajuaye kama si ndugu yako.

Hilo la mwisho ndilo lililomkosesha Mong'ina usingizi. Wagusii hawaoani ndani ya ukoo mmoja, na hata mtoto wa shule alilijua hilo. Lakini koo ni nyingi, alijifariji. Kwa nini iwe wao tu, kati ya watu wote?

Kisha dereva mmoja mstaafu wa Keroka akawaambia kwamba alimkumbuka Manasseh wa malori ya Kericho, na kwamba Manasseh alikuwa na dada aliyeolewa Suneka, jina lake Nyanchama.

* * *

Nyumba ya bibi Nyanchama ilikuwa nyuma ya migomba, mwendo mfupi kutoka sokoni. Walimkuta uani akianika wimbi juu ya mkeka. Alikuwa mwembamba, mrefu, mwenye mikono mikubwa, na alisema nao kana kwamba alikuwa akiwangojea. Kiswahili hakukijua ila salamu. Aliwaletea viti, akakataa kusikia jambo lolote mpaka wale ndizi.

Walter alitega kamera mbele ya mlango ambapo mwanga ulikuwa mzuri. Mong'ina alichuchumaa kando ya bibi akiwa na kipaza sauti, kama alivyozoea, karibu kiasi cha kusikia pumzi yake. Kamera ilianza kunguruma kama nyuki ndani ya debe. Akamweleza bibi kwamba kijana huyu anatafuta watu wa baba yake, aliyeitwa Manasseh, aliyekuwa dereva Kericho.

Nyanchama alimkazia macho Walter, ambaye nusu ya uso wake ilikuwa imefichwa na kamera, akampungia mkono kumwambia aondoke nyuma ya kile chombo. Walter akainuka. Bibi akamtazama paji la uso, akamtazama masikio, akashika mdomo wake mwenyewe.

Akaanza kusema, na Mong'ina akawa anatafsiri sentensi kwa sentensi, kwa sauti ya chini.

Alisema kwamba Manasseh lilikuwa jina la kanisani tu. Nyumbani ndugu yake aliitwa Mogaka. Alisema kwamba Mogaka alikuja hapa mara moja, mwaka ule wa nzige, akiwa na mtoto mdogo wa kiume, na mkewe alikuwa amezikwa mwezi huohuo. Mtoto alilala mgongoni mwake yeye Nyanchama, akilia na kumwita mama yake mpaka asubuhi. Alitaka kubaki naye, lakini mumewe alikuwa mgonjwa na chakula kilikuwa hakuna. Mogaka akasema atamleta baada ya mavuno. Hakurudi. Walikuja kusikia kwamba amekufa na kwamba mtoto amechukuliwa na wazungu.

Mong'ina alitafsiri haya yote kwa furaha. Walter alikuwa amesimama kando ya kamera akiwa amesahau mikono yake. Alikuwa akitazamwa na mtu aliyewahi kumbeba.

Ndipo bibi akaendelea. Alisema kwamba kwao hasa hakukuwa Kericho. Walizaliwa mlimani, juu ya Keroka. Baba yao, Nyasani, aligombana na ndugu yake wa tumbo moja kwa ajili ya mpaka wa shamba, akahama na mke na ng'ombe na Mogaka, akaenda kuishi mpakani kwa Wakipsigis, akaapa kwamba watoto wake hawatakanyaga tena lile boma. Yeye Nyanchama alikuwa ameshaolewa. Huyo ndugu waliyegombana aliitwa Ongeri.

Mong'ina hakutafsiri hilo.

Kamera iliendelea kunguruma. Kuku alipita juu ya mkeka wa wimbi na hakuna aliyemfukuza.

"Amesema nini?" Walter aliuliza.

Bibi alimgeukia Mong'ina, akamtazama kwa mara ya kwanza tangu wafike, na kwa upole akamwuliza kwa Kigusii yeye ni binti wa nani. Ni swali ambalo kila mzee humwuliza kila kijana. Mong'ina alikuwa amelijibu mara elfu katika maisha yake bila kufikiri.

"Mimi ni wa Abner," alisema. "Abner wa Ongeri."

Nyanchama alipiga makofi polepole, mara moja, mara ya pili. Machozi yalikuwa yakimshuka huku akicheka. Akamshika Mong'ina mkono, akamshika Walter mkono, akaiweka pamoja mapajani mwake, akasema neno moja refu la furaha.

"Mong'ina," Walter alisema. Uso wake ulikuwa umeanza kubadilika. "Niambie."

Angeweza kusema lolote. Baadaye alilikumbuka hilo kuliko mengine yote: kwamba kati ya mwanamume huyu na ukweli alikuwa amesimama yeye peke yake, na kwamba bibi asingejua, na Walter asingejua. Lakini mkono wake ulikuwa umeshikwa na kizee aliyekuwa akilia kwa furaha.

"Anasema Ongeri, aliyegombana na babu yako, ni babu yangu," alisema. "Wazazi wetu ni watoto wa ndugu wawili. Anasema Mungu ni mwema, kwa sababu umeletwa nyumbani na dada yako mwenyewe."

* * *

Waliupita mji wa Kisii. Barabara ilipopanda katikati ya mashamba ya chai, Walter aliegesha gari kando, akazima injini. Wingu la mvua ya kila alasiri lilikuwa limekaa juu ya vilima lakini halijaamua kunyesha. Alishuka, akazunguka gari, akarudi, akaingia. Akashuka tena. Mong'ina alimtazama kupitia kioo akienda na kurudi kama mnyama aliyefungiwa, akatamani kumwambia atulie, na yeye mwenyewe vidole vyake vilikuwa vimekwisha kuufumua uzi wote wa pindo la sweta.

Hatimaye alikuja dirishani kwake.

"Kule nilikolelewa," alisema, "watu wa namna yetu huoana. Babu zao ni ndugu, na bado kasisi anawabariki, na mama zao wanakula keki."

"Najua."

"Basi?"

"Lakini uliniambia kwamba kule ulikolelewa hukuwa na kwenu."

Walter aliweka paji la uso juu ya ukingo wa dirisha. Alikuwa karibu sana. Mong'ina aliona nywele chache nyeupe juu ya sikio lake ambazo hakuwa ameziona, akafikiri kwamba masikio yale ndiyo ya baba yake Abner, yaleyale kabisa, na kwa nini hakuwahi kuyaona. Mkono wake ulikuwa umeshainuka kumgusa. Ukabaki hewani, ukarudi.

"Nimetafuta kitu hiki maisha yangu yote," Walter alisema. "Nikiwa shuleni waliniuliza natoka wapi, nikadanganya. Nikiwa mkubwa nikawauliza watu wengine wanatoka wapi, ili wasiniulize mimi. Leo nimepata mtu aliyenibeba mgongoni. Na ningeurudisha mgongo ule sasa hivi, Mong'ina, nikae vilevile nilivyokuwa, nikupate wewe."

"Usiseme hivyo."

"Mkanda uko hapo nyuma. Nikilifungua lile kasha juani, picha zote zinaungua, hakibaki kitu. Tepu naweza kuifuta leo. Bibi ni mzee, hatoki Suneka. Nani mwingine anajua?"

Alipaswa kumkatalia. Alikuwa amelelewa na Abner wa Ongeri, katika nyumba ambamo hata sukari ya jirani ilirudishwa ikiwa imejaa kijiko. Lakini alikuwa na miaka ishirini na sita na hakuwahi kupenda, na kitu ndani yake kilikuwa kimeinuka kwa matumaini upesi mno, akaona aibu na bado kikainuka.

"Mimi ninajua," alisema.

"Na wewe unataka nini?"

Mwanamke mmoja alipita na kikapu cha majani ya chai mgongoni, akawasalimu, wakamwitikia.

"Nataka twende," Mong'ina alisema. "Kabla sijafikiri. Nikachukue nguo zangu, niwaage, tuwaambie bibi hakukumbuka kitu. Twende Nairobi, twende huko ulikolelewa. Usiniulize tena, Walter, maana ukiniuliza tena nitasema jingine."

Walter hakumwuliza tena. Aliwasha gari. Kutoka hapo mpaka Keroka alishika usukani kwa mikono miwili, naye Mong'ina alitazama nje upande wake, na kila boma walilolipita alilijua jina la mwenyewe.

* * *

Ilikuwa Ijumaa, siku ya maandalizi. Boma la mzee Abner lilikuwa limefagiliwa, nguo za kanisani zimepigwa pasi na kutundikwa, chakula cha kesho kimepikwa, mitungi imejazwa maji na kufunikwa, kila kitu kiwe tayari kabla jua la Sabato halijatua. Mama Bosibori alikuwa jikoni akifunga moto. Aliwatazama wote wawili wakishuka garini, akamtazama binti yake kwa namna ambayo mama hutazama, akarudi jikoni bila kusema kitu.

Mong'ina alidhani watamkuta baba yake na uso wa siku zote, na kwamba itakuwa rahisi kumdanganya mtu mkali. Lakini Abner alikuwa ameketi sebuleni na viti viwili vimewekwa mbele yake. Aliwakaribisha. Alimwambia Walter aketi, kwa Kiswahili chake cha polepole cha mimbarini. Akauliza kama wamepata walichokitafuta.

"Bibi amezeeka," Mong'ina alisema. "Hakukumbuka."

Ulikuwa uongo wa kwanza mkubwa aliowahi kumwambia baba yake, nao ulitoka kirahisi.

Abner alitikisa kichwa. Akakaa akitazama mikono yake, kisha akasema kwamba yeye na mke wake wameomba juma zima juu ya jambo hili, na kwamba anataka kusema nao. Alisema alimkatalia Walter kwa ukali, na ni vema Walter ajue sababu, kwa maana haikuwa chuki.

"Nilikuwa na ndugu," Abner alisema. "Si wa tumbo langu. Mtoto wa baba mkubwa. Tulichunga pamoja, tulilala ngozi moja, tulitahiriwa msimu mmoja. Wazee wetu wakagombana. Siku walipohama alinitazama akiwa nyuma ya ng'ombe, nami nilikatazwa kumsemesha. Nilimtafuta nilipokuwa mtu mzima. Nilifika mpaka Sotik. Hakuna aliyejua jina lake. Dada yake alikuwa ameshaolewa, lakini wazee walikataa kunitajia ni wapi. Mtu mzima amepotea kama mvuke." Akainua macho. "Kwa hiyo mtu anaponiambia hajui kwao, mimi naogopa. Namwona yule. Nafikiri, huenda na yeye mahali fulani alikaa katika nyumba ya watu, wakamwambia huna kwenu, toka."

Mong'ina hakuthubutu kumtazama Walter.

"Basi nimefikiri hivi," Abner aliendelea. "Kama umetafuta kwa moyo na hukupata, hilo si kosa lako. Hakuna mtu atakayekuja kusema wewe ni wake, wala hakuna atakayesema wewe ni ndugu yetu. Nimeongea na mama yake. Mkipendana, sitawazuia. Utakuwa mtoto wa nyumba hii kwa njia ya binti yangu. Labda na yule wetu Mungu alimpa watu namna hiyo."

Jikoni sufuria iligonga jiwe. Hilo ndilo neno ambalo Mong'ina alikuwa ameliombea tangu siku ya nyaya, na sasa lilikuwa limewekwa mbele yao mezani, kamili, kutoka kinywani mwa baba yake mwenyewe. Hapakuwa na haja ya kukimbia. Ilitosha kunyamaza.

Alimtazama Walter. Walter alikuwa akimtazama yeye tayari, na katika macho yake hapakuwa na ule msukosuko wa barabarani. Palikuwa na swali. Mong'ina aliona kwamba akitikisa kichwa kidogo tu, kiasi cha upepo, Walter atanyamaza, na atanyamaza milele, atakula katika nyumba hii na kulala katika nyumba hii mbele ya mzee anayemtafuta ndugu yake, na kila mara watakapotazamana watalikuta jambo hilo limeketi katikati yao.

Aliinamisha macho. Hakutikisa kichwa. Hilo ndilo lililokuwa jibu lake, naye Walter alilielewa, kwa maana hakuna aliyemwelewa kama yeye.

"Mzee," Walter alisema. "Huyo ndugu yako aliitwa nani?"

"Mogaka. Mogaka wa Nyasani."

Walter alisogeza kiti chake karibu.

"Mogaka alikuwa dereva Kericho," alisema. "Alibatizwa, akaitwa Manasseh. Alikufa kwa ajali ya lori na alizikwa kulekule. Kabla ya kufa alimpeleka mtoto wake kwa dada yake Nyanchama, Suneka, akamwonyesha. Bibi anakumbuka kila kitu, mzee. Nina sauti yake ndani ya gari. Binti yako alisema alivyosema kwa sababu nilimwomba. Mtoto huyo ni mimi."

Abner hakuinuka mara moja. Mkono wake ulipapasa ubavuni mwa kiti kama anayetafuta fimbo, ingawa hakuwa mtu wa fimbo. Kisha akasimama, akamwendea Walter, akamshika uso kwa viganja viwili, akaugeuza kwenye mwanga wa dirisha. Mong'ina hakuwahi kumwona baba yake akimgusa mtu hivyo. Midomo yake ilikuwa ikitaja jina, Mogaka, Mogaka, bila sauti. Halafu mzee wa kanisa aliweka kichwa begani mwa kijana aliyemkatalia binti yake, akalia.

Walter alimshika. Alikuwa mrefu kuliko Abner, na juu ya bega la mzee macho yake yalikuwa wazi, makavu, yakimtazama Mong'ina. Alimtazama kama mtu aliye ndani ya gari linaloondoka amtazamavyo aliyebaki kituoni. Mong'ina alipokea mtazamo ule mpaka mwisho. Hapo ndipo waliachana, ingawa hakuna aliyeondoka chumbani.

Bosibori alikuwa amesimama mlangoni na kitambaa cha jikoni mkononi. Alikuwa amesikia. Abner alipogeuka na kumwambia kwa sauti iliyopasuka kwamba Mogaka amerudi, kwamba mtoto wa Mogaka huyu hapa, alipiga kigelegele kifupi kama ipasavyo, akaja akamkumbatia Walter, akambusu mikono. Abner alikuwa ameanza kutaja watu wa kuitwa kesho baada ya kanisa, nyumba kwa nyumba. Alimwambia Mong'ina amsalimie kaka yake.

Mong'ina alisimama. Alinyosha mkono, Walter akaupokea. Mikono hiyo ilikuwa imekunja nyaya pamoja, ilikuwa imeshikana gizani mara moja tu, chini ya mikaratusi. Sasa ilisalimiana mbele ya watu.

"Karibu nyumbani," Mong'ina alisema.

"Asante," Walter alisema. Hakuongeza jina lake.

Bosibori aliwatazama. Akaenda pembeni, ambako mitungi ilikuwa imejaa pomoni tangu adhuhuri, akachukua ndoo tupu, akamwekea binti yake mkononi.

"Nenda uchote maji," alimwambia. "Jua halijatua."

Mong'ina aliitazama mitungi, akamtazama mama yake. Akatoka. Alipita gari, akapita zizi, akashika njia ya kisimani kati ya migomba, na mvua iliyokuwa imegoma tangu mchana ikaanza kushuka juu ya majani, kwa kelele, hivyo hakuna aliyeko nyumbani ambaye angeweza kumsikia.

Ndani, Walter alikuwa ameshainuka na kuufikia mlango. Bosibori alimshika mkono kwa upole, akamrudisha kitini.

"Keti, mwanangu," alisema. "Dada yako atarudi."